Chungu kimoja, mapishi mawili: Mchuzi wa Ifo unavyoweza kuusaidia mwili uliozoea chakula cha aina moja

Mtu akila ugali kwa maharagwe leo, kesho na keshokutwa, tumbo lake litajaa bila shida. Lakini je, mwili wake nao utakuwa umeshiba? Hilo ndilo swali ambalo akina mama wa kambi ya wakimbizi ya Ifo, katika Kaunti ya Garissa, wamekuwa wakikabiliana nalo kwa zaidi ya miaka thelathini. Wao hupika kwa nafaka, jamii ya kunde na mafuta ya mgao, wakaongezea kile kidogo wanachomudu kununua sokoni.

Jibu moja la swali hilo limo ndani ya mchuzi. Hatuzungumzii mchuzi wa taifa moja, bali ule unaopatikana pale mapishi ya Kisomali yanapokutana na mapishi ya Kihabeshi katika sufuria moja. Kila upande una ujuzi ambao mwingine hauna, na pande hizo mbili zikiunganishwa, chakula kikavu cha ghalani hugeuka kuwa mlo kamili.

Wiki hii tunaeleza jinsi mchuzi huo unavyopikwa, na sababu za kiafya zinazoufanya ufae hata katika meza ya msomaji wa Nairobi, Mombasa au Kisumu.

MAJIRANI WALIOKUTANISHWA NA VITA

Ifo ilifunguliwa mwaka 1991, wakati serikali ya Siad Barre ilipoanguka nchini Somalia na watu kwa maelfu wakavuka mpaka kuingia Kenya. Kambi za Dagahaley na Hagadera zilifuata mwaka 1992. Zote tatu ziko karibu na mji mdogo wa Dadaab, na zilikusudiwa kuhifadhi watu wapatao 90,000. Njaa ilipoikumba Somalia mwaka 2011, idadi ya wakimbizi katika eneo hilo ilipita 460,000.

Wengi wa wakazi ni Wasomali, lakini si wote. Katika Ifo kuna pia Wahabeshi, miongoni mwao Waoromo na Waamhara, na kumewahi kuishi watu kutoka Sudan, Uganda na Kongo. Kwa hiyo mtu akipita sokoni, pua yake hukutana na harufu zaidi ya moja: iliki na mdalasini kutoka huku, pilipili nyekundu na uwatu kutoka kule.

Mgao wa chakula nao umekuwa na sura ile ile kwa miaka mingi: nafaka au unga, maharagwe au dengu, mafuta ya kupikia na chumvi. Kipimo kinachokusudiwa katika hali kama hiyo ni kalori 2,100 kwa mtu mmoja kwa siku. Hata hivyo, mgao umekatwa mara kadhaa kwa sababu ya uhaba wa fedha. Na hata unapokuwa kamili, hauna mboga za majani, matunda wala maziwa.

KALORI PEKEE HAZITOSHI

Kalori ni kuni za mwili. Humpa mtu nguvu ya kutembea, kubeba maji na kulea watoto. Lakini mwili unahitaji pia vitamini na madini, na vitu hivi visipopatikana, mtu anaweza kuugua hali tumbo lake limejaa.

Ugonjwa wa kwanza wa kutajwa hapa ni kiseyeye, unaoletwa na ukosefu wa vitamini C. Mgonjwa huvimba fizi na kutokwa na damu mdomoni, huumwa na viungo hasa magoti, na vidonda vyake hukataa kupona. Watu wengi hudhani kwamba kiseyeye ni ugonjwa wa mabaharia wa zamani. Sivyo. Katika miaka ya 1980 kiseyeye kilizuka katika kambi za wakimbizi huko Somalia na Ethiopia, na katika miaka ya 1990 kikaonekana katika kambi za Kenya pia. Dalili zake huanza kujitokeza mtu akikaa kati ya mwezi mmoja na mitatu bila vitamini C. Ilhali kiasi kidogo mno, miligramu 10 tu kwa siku, chatosha kuukinga.

Jambo la kusikitisha ni kwamba wengi wa watu hawa hawakuujua ugonjwa huo walipokuwa kwao. Mfugaji wa kuhamahama haoti machungwa wala kulima kabichi, lakini ana ngamia. Maziwa ya ngamia yana vitamini C nyingi kuliko ya ng'ombe, na hiyo ndiyo iliyomkinga mfugaji katika nchi kame isiyo na mboga. Alipopoteza mifugo yake na kuingia kambini, alipoteza pia dawa ambayo hakujua kwamba alikuwa akiinywa kila asubuhi.

Ugonjwa wa pili ni pelagra, unaotokana na ukosefu wa niasini. Huwapata hasa watu wanaotegemea mahindi matupu. Ngozi hubabuka penye jua, tumbo huhara, na akili huweza kuvurugika. Mwaka 1990 zaidi ya wakimbizi 17,000 wa Msumbiji waliokuwa Malawi walishikwa na pelagra baada ya njugu kukosekana katika mgao wao. Kitu kidogo kama njugu kilipotoweka katika sahani, maelfu waliugua.

Wa tatu ni upungufu wa damu, na huu uko hata mijini. Huwaandama hasa akina mama wajawazito na watoto wadogo. Maharagwe na dengu yana madini ya chuma, lakini chuma cha mimea hakiingii mwilini kwa urahisi. Huhitaji msaidizi, na msaidizi huyo ni vitamini C. Weka kumbukumbu ya jambo hili, kwa maana ndilo nguzo ya mchuzi wetu.

BEI YA NYANYA MOJA

Msomaji anaweza kuuliza: kwa nini basi wasinunue mboga? Wengi hununua, lakini kwa gharama kubwa. Kwa miaka mingi wakimbizi hawakuruhusiwa kutoka kambini bila kibali, na nafasi ya kulima au kufuga ilikuwa finyu. Familia isiyo na jamaa wa kuitumia fedha hulazimika kuuza sehemu ya nafaka yake ili ipate nyanya, maziwa na sukari. Yaani hupunguza kalori ili inunue vitamini. Hiyo ni biashara ngumu kwa mama mwenye watoto watano.

Juhudi za kupunguza ugumu huo zimekuwako. Katikati ya miaka ya 2000 familia zilifundishwa kuotesha mboga katika magunia yaliyojazwa udongo, na kuyanyunyizia maji yaliyokwisha tumika kufulia na kuoshea vyombo. Mwaka 2007 shirika la Action Against Hunger lilianza kutoa vocha za kununulia vyakula vibichi, kama vile mboga, matunda na mayai, kwa familia zenye watoto waliopatwa na utapiamlo. Kisha mwaka 2016 Shirika la Chakula Duniani lilileta Dadaab mpango wa Bamba Chakula, uliotuma sehemu ya msaada kwa njia ya simu ili mtu achague mwenyewe atakachonunua dukani.

Kuna na suala la kuni. Tangu miaka ya mwanzo ya kambi hizi, wanawake wameshambuliwa na hata kunajisiwa wakitafuta kuni porini. Maharagwe yanayochemka saa tatu yana maana ya safari nyingine ya msituni. Kwa hiyo mapishi yanayookoa kuni ni suala la usalama wa mama, mbali na kuokoa pesa.

KILA UPANDE NA UJUZI WAKE

Wahabeshi ni mafundi wa kupika dengu. Wakristo wa kanisa la kale la Ethiopia hufunga siku nyingi za mwaka, zikiwamo Jumatano na Ijumaa, na wakati wa kufunga hawali nyama, mayai wala maziwa. Kwa karne nyingi, basi, wamejifunza kuifanya dengu iwe tamu bila kipande cha nyama. Mchuzi wao mzito huitwa wot. Siri yake ya kwanza ni vitunguu: hukatwa vidogo sana na kupikwa polepole katika sufuria kavu, bila mafuta, mpaka vilegee na kuwa vitamu. Mafuta hutiwa baadaye. Siri ya pili ni berbere, mchanganyiko wa pilipili nyekundu, uwatu, giligilani, iliki, tangawizi na viungo vingine vilivyosagwa pamoja.

Wasomali nao wametoka katika ufugaji na katika biashara ya bahari. Ufugaji uliwapa nyama, maziwa na samli. Bahari ikawapa hawaashi, mchanganyiko wa bizari nyembamba, giligilani, pilipili manga, mdalasini, iliki, karafuu na manjano, ambao una ndugu zake Yemeni na katika pwani yetu. Wasomali pia hukamua ndimu juu ya chakula kikiwa tayari, na wengi hula wali kwa ndizi mbivu kando. Na wana nyirinyiri, yaani nyama iliyokatwa vipande vidogo, ikakaushwa, ikakaangwa na kuhifadhiwa ndani ya mafuta. Nyama hiyo hukaa muda mrefu bila friji.

Pande zote mbili hula mkate mwembamba uliochachushwa, ambao Wasomali wa Kenya huuita anjera. Wahabeshi huutengeneza kwa nafaka ya tefu iliyoachwa siku mbili au tatu. Wasomali hutumia unga wa ngano, mahindi au mtama ulioachwa usiku kucha. Kuchachusha huko kuna faida isiyoonekana kwa macho. Nafaka ina kemikali iitwayo fiteti, ambayo hung'ang'ania chuma na zinki zisiingie mwilini. Unga unapochacha, fiteti hupungua na madini hayo hupatikana kwa urahisi zaidi.

Tukiweka ujuzi huo pamoja tunapata hesabu ifuatayo: dengu na vitunguu kwa namna ya Wahabeshi, nyama kidogo na ndimu kwa namna ya Wasomali, na mkate mchachu wa wote wawili. Kilichobaki ni mboga za majani, ambazo wafanyabiashara na wapishi kutoka bara wamezizoesha katika kila soko la Kenya.

SI JAMBO GENI DUNIANI

Asije mtu akadhani kwamba kuchanganya mapishi ni kuyaharibu. Vyakula vingi vinavyosifiwa leo vilizaliwa hivyo hivyo, na vingine vilizaliwa katika uhamisho.

Huko Louisiana, Marekani, kuna watu waitwao Cajun. Wazee wao walikuwa wakulima wenye asili ya Kifaransa waliofukuzwa na Waingereza kutoka eneo ambalo leo ni Kanada, kuanzia mwaka 1755. Walipofika katika nchi ya joto na mabwawa, walipika walichokikuta. Mchuzi unaosifika mno katika jimbo hilo, gumbo, hutiwa bamia zilizofika huko pamoja na Waafrika waliouzwa utumwani, na hata jina lake linatokana na neno la Kibantu la bamia. Wenyeji wa asili wa Marekani nao walichangia unga wa majani ya mti unaozidisha uzito wa mchuzi.

Wajapani, kwa upande wao, waliupokea mchuzi wa bizari wa Wahindi kupitia kwa Waingereza katika karne ya 19. Leo ni chakula cha kawaida katika nyumba zao. Na ni Mjapani, Kikunae Ikeda, aliyeeleza mwaka 1908 ladha ya tano isiyo tamu, chachu, chungu wala ya chumvi. Aliiita umami, na aliipata katika mwani uliokaushwa. Ladha hiyo nzito, inayoujaza mdomo, imo pia katika nyanya mbivu, katika nyama iliyokaushwa na katika vyakula vilivyochachushwa.

Siku hizi wapo wapishi wanaotia viungo vya Cajun na vya Kijapani katika sufuria moja na kuuza mchuzi huo kwa bei ya juu. Mama wa Ifo amekuwa akifanya kazi ya namna hiyo kwa lazima. Kutoka kwa Wajapani tunachukua somo moja lenye manufaa kwa afya: ukiwa na nyanya zilizopikwa vizuri na nyirinyiri kidogo, mchuzi hukolea bila chumvi nyingi. Kutoka kwa Cajun tunachukua bamia, ambazo kwa kweli ni zetu.

MAHITAJI (watu sita)

Vikombe 2 vya dengu au mbaazi zilizopasuliwa
Vitunguu maji 3 vikubwa
Nyanya 4 mbivu
Punje 4 za kitunguu saumu na kipande cha tangawizi, vilivyopondwa
Vijiko 3 vya mezani vya mafuta ya kupikia
Kijiko 1 cha mezani cha berbere
Kijiko 1 cha chai cha hawaashi
Konzi moja ya nyirinyiri, au robo kilo ya nyama ya ngamia, mbuzi au ng'ombe
Bamia robo kilo
Fungu moja kubwa la mchicha, majani ya kunde au sukuma wiki
Ndimu 2
Nusu kijiko cha chai cha chumvi yenye madini ya joto

Asiye na nyama asivunjike moyo. Mchuzi huu husimama vizuri kwa dengu peke yake, kama wafanyavyo Wahabeshi siku za kufunga. Akipata konzi ya njugu zilizokaangwa na kupondwa, na azitie. Zina protini na ile niasini iliyokosekana Malawi.

JINSI YA KUPIKA

1. Chagua dengu, zioshe na uziloweke usiku kucha. Asubuhi mwaga maji hayo. Kuloweka hupunguza muda wa kupika, huokoa kuni na huondoa sehemu ya fiteti tuliyoitaja.

2. Chemsha dengu katika maji safi, sufuria ikiwa imefunikwa, mpaka zilainike. Usitie chumvi sasa.

3. Katika sufuria nyingine, pika vitunguu vilivyokatwa vidogo bila mafuta, kwa moto mdogo, ukikoroga kwa mwiko. Vikianza kushika, nyunyiza maji kijiko kimoja kimoja. Vikilegea na kubadilika rangi, tia mafuta, saumu na tangawizi.

4. Ikiwa unatumia nyama mbichi, itie sasa na uiache iive na kuwa laini. Nyirinyiri imekwisha kuiva, kwa hiyo ingoje hatua ya sita.

5. Tia berbere na hawaashi, ukoroge dakika mbili ili viungo vitoe harufu katika mafuta. Angalia visiungue, kwani vikiungua huwa vichungu. Kisha tia nyanya na uziache ziive mpaka mafuta yaelee juu.

6. Mimina dengu pamoja na maji yake, tia nyirinyiri na bamia, uache vichemke taratibu kwa dakika kumi na tano. Bamia zitaufanya mchuzi uwe mzito bila unga.

7. Mwishoni kabisa tia mboga za majani zilizooshwa kabla ya kukatwa. Mchicha wataka dakika tatu tu. Sukuma wiki dakika tano. Tia chumvi na uepue.

8. Mchuzi ukiwa umeshaepuliwa, kamua ndimu. Andaa kwa anjera, wali au ugali. Ikiwa ndizi mbivu ipo, na iwe kando ya sahani.

KWA NINI MPANGILIO HUO

Huenda msomaji akaona kwamba hatua hizi ni ushabiki wa jikoni tu. La, kila moja ina sababu.

Ndimu hukamuliwa mwishoni kwa sababu vitamini C huharibiwa na moto. Ukiitia mapema na kuichemsha nusu saa, utabaki na uchachu, lakini sehemu kubwa ya faida itakuwa imekwenda na mvuke. Ikikamuliwa mwishoni, huukuta mchuzi uliojaa chuma cha dengu na mboga, nayo hukifungulia njia ya kuingia katika damu. Nyama nayo, hata ikiwa ndogo, hufanya kazi ya namna hiyo: husaidia chuma cha mimea kinacholiwa pamoja nayo.

Mboga hutiwa mwisho kwa sababu hiyo hiyo, na huoshwa kabla ya kukatwa ili vitamini zisimwagwe pamoja na maji machafu.

Mafuta hayapaswi kuachwa kabisa. Rangi ya njano iliyofichika ndani ya majani ya kijani hugeuzwa na mwili kuwa vitamini A, inayolinda macho na kumsaidia mtoto kupambana na maradhi. Lakini haipokelewi mwilini bila mafuta kidogo. Isitoshe, mafuta ya mgao huongezewa vitamini A. Vijiko vitatu kwa watu sita vinatosha.

Dengu na nafaka nazo ni ndugu wanaotegemeana. Protini ya nafaka ina upungufu ambao hujazwa na protini ya dengu, na ya dengu hujazwa na nafaka. Ndiyo maana githeri ya mahindi na maharagwe, wali kwa maharagwe, na anjera kwa dengu ni vyakula vya busara, ingawa waliovianzisha hawakuwahi kusoma lishe darasani.

TAHADHARI

Ukitumia maharagwe badala ya dengu, hasa yale mekundu, kuna jambo la kuzingatia. Maharagwe mekundu yasiyoiva vizuri yana sumu inayoleta kutapika na kuhara. Yaloweke usiku kucha, mwaga maji, kisha yachemshe kwa moto mkali kwa muda usiopungua dakika kumi kabla ya kupunguza moto au kuyahamishia katika kikapu cha kupikia. Kikapu hicho huokoa kuni na makaa, lakini joto lake peke yake haliwezi kuiondoa sumu hiyo.

Pili, chai. Katika nyumba nyingi, za Wasomali na zetu sisi sote, chai huandamana na mlo. Majani ya chai yana tanini, ambayo huzuia chuma kuingia mwilini. Mama mjamzito anayekunywa chai kikombe kwa kikombe pamoja na dengu hujinyima chuma alichokipika. Hatumwambii aache chai. Aiahirishe tu kwa saa moja au mbili baada ya kula. Wakati wa mlo anywe maji.

Tatu, watoto. Mtoto akitimiza miezi sita huhitaji chakula kingine pamoja na maziwa ya mama. Mtengee sehemu yake: chukua dengu zilizoiva, vitunguu na nyanya kabla ya kutia berbere, zitie mboga laini na mafuta kidogo, uziponde mpaka zishike katika kijiko. Mchuzi mwepesi kama maji haumjengi mtoto. Humjaza tumbo tu.

Nne, maziwa. Maziwa mabichi, yawe ya ngamia, mbuzi au ng'ombe, yanaweza kuleta ugonjwa wa brusela, wenye homa ya kwenda na kurudi na maumivu ya viungo. Yachemshe. Ni kweli kwamba kuchemsha hupunguza vitamini C, na ndiyo sababu nyingine ya kuithamini ndimu.

Tano, kiporo. Katika joto la Garissa, au katika nyumba ya mjini isiyo na friji, mchuzi wa dengu huharibika upesi. Pika kiasi kitakacholiwa. Kilichobaki kichemshwe vizuri kabla ya kuliwa, na kikianza kunuka au kutoa povu kimwagwe.

Mwisho, viungo si dawa. Wako wauzaji wanaodai kwamba manjano au uwatu huponya kila kitu, kuanzia kisukari hadi vidonda vya tumbo. Kiasi kinachotiwa katika mchuzi ni kidogo, na kazi yake kubwa ni kumfanya mtu ale dengu na mboga kwa hamu. Mwenye fizi zinazotoka damu, uchovu usioisha au mtoto asiyeongeza uzito apelekwe kituo cha afya, na mama mjamzito aendelee na vidonge vya kuongeza damu anavyopewa kliniki.

NA MSOMAJI WA MJINI JE?

Pengine umesoma hadi hapa ukisema kwamba haya ni ya Ifo, wala hayakuhusu. Hebu angalia sahani yako ya wiki iliyopita. Chai kwa mkate asubuhi, chipsi mchana, ugali kwa mchuzi wa nyama jioni. Kesho yake vivyo hivyo. Mkimbizi hula chakula cha aina moja kwa kukosa hiari. Wengi wetu mijini hula chakula cha aina moja huku soko liko mlangoni.

Tofauti nyingine ni chumvi. Shirika la Afya Duniani linashauri mtu mzima asizidishe gramu 5 za chumvi kwa siku, yaani kama kijiko kimoja cha chai, kwa kujumlisha na ile iliyofichika katika mkate na vyakula vya kununua. Vile vidonge vya kukoleza mchuzi, vinavyouzwa katika kila kioski, vina chumvi nyingi. Mwenye shinikizo la damu, au aliye na mzazi mwenye ugonjwa huo, ajaribu kuviacha kwa wiki chache na kutumia vitunguu vilivyopikwa polepole, nyanya, saumu na ndimu. Ulimi huzoea.

Vitu vyenyewe si vya kutafutwa mbali. Katika mtaa wa Eastleigh, Nairobi, Wasomali na Wahabeshi huuza berbere, hawaashi na nyirinyiri. Garissa mjini hupata ndizi, maembe, nyanya na ndimu kutoka mashamba yaliyo kando ya Mto Tana. Asiyepata berbere aweza kuchanganya pilipili iliyosagwa, tangawizi, iliki, giligilani na uwatu kidogo. Ni vyema kununua viungo vizima na kuvisaga nyumbani, kwa kuwa vilivyosagwa hughushiwa kwa urahisi kwa rangi na unga.

LINALOBAKI

Lazima tuseme wazi kwamba hakuna mchuzi unaoweza kuziba pengo la mgao uliokatwa. Mama aliyepewa nusu ya dengu hatazifanya ziwe nzima kwa kuzitia ndimu. Wanaopanga misaada wanapaswa kukumbuka mafunzo ya Malawi na ya kambi zetu wenyewe: kuhesabu kalori peke yake ni hesabu nusu, na fedha kidogo zinazomwezesha mama kununua mboga na matunda hukinga maradhi ambayo yataigharimu zahanati zaidi baadaye.

Lakini kwa yule mwenye sufuria na kitu cha kutia ndani yake, iwe Ifo au Buruburu, shauri letu ni jepesi kukumbuka. Loweka usiku, tia mboga mwisho, kamua ndimu ukiepua, ahirisha chai. Na ukiona jirani kutoka taifa lingine anapika kwa namna usiyoijua, mwulize afanyavyo.